Kumsemea Marehemu

Lionel Ashcombe alifungua mlango wa chumba cha nahodha, akavua kofia iliyolowa, akasema, "Nimerudi, kama nilivyokuahidi." Kisha akaufungua tena mlango uleule, akavua tena kofia ileile, akasema tena kwamba amerudi. Alikuwa marehemu tangu mwaka juzi.

Wilfred Garside alisimama gizani mbele ya kipaza sauti, macho kayakaza kwenye midomo ya yule bwana pale kwenye skrini. Ndivyo kazi hii inavyofanywa. Upepo wa bandarini ulikuwa umeharibu sauti zote siku za kupiga picha, hivyo kila kipande cha filamu kilikatwa, kikaungwa mwisho kwa mwanzo kikawa duara, kisha kikazungushwa kwenye mtambo bila kusimama mpaka mwigizaji ayaingize maneno upya, sawasawa na midomo yake. Wenzake wote walikwishakuja studio wakajisemea wenyewe. Lionel peke yake ndiye aliyekosa. Nimonia ilimchukua muda mfupi baada ya kutoka kule bandarini, na filamu ikafungiwa kabatini mpaka wenye studio walipopata moyo wa kuimaliza.

"Nimerudi, kama nilivyokuahidi," Wilfred alisema.

Maneno yakakaa. Sauti ile nzito, tamu, yenye mkwaruzo kidogo mwishoni, sauti iliyowahi kuwaliza wanawake kutoka Dover mpaka Aberdeen, ilitoka kwenye kifua chembamba cha mtu ambaye njiani hakuna aliyemgeukia.

"Hiyo hiyo!" Percy Cobb, fundi wa sauti, alipiga kelele kutoka kwenye kibanda chake cha kioo. "Loo, Wilf, umenisimamisha malaika! Hebu ongea kama wewe, nijue bado umo humo ndani."

Wilfred alicheka. Ilimbidi akohoe kwanza, akakohoa na mara ya pili, ndipo ikaja sauti yake mwenyewe, ile nyembamba ya watu wa kwao Lancashire. "Nimo, Percy. Nina kiu tu."

Tangu kabla ya vita Wilfred alikuwa akiishi kwa kuwa watu wengine. Alikuwa polisi anayesema "Tawanyikeni, tawanyikeni," akawa mbeba mizigo wa stesheni, mpishi wa meli, kasisi mwenye mafua, mtumishi anayeleta barua na kuinama. Jina lake halikuwahi kutokea kwenye bango. Watu walimsimamisha barabarani wakamwuliza wamekutana wapi, naye alikwisha kuacha kuwaeleza. Aliwaambia tu kwamba yeye anauza samaki pale kona, nao waliondoka wameridhika. Hakuwa na kinyongo. Alichokuwa nacho ni sikio. Akimsikia mtu mara mbili, mara ya tatu anamrudisha mzima mzima, mpaka pumzi, na mwongozaji wa filamu hii alimsikia akimwigiza Lionel kwenye karamu ya Krismasi ya studio, akakumbuka.

Kwenye viti vya nyuma, gizani, alikuwa amekaa Beryl. Beryl alikuwa mkata filamu, na maduara yote ya wiki ile aliyaunga kwa mikono yake. Alikuwa pia mjane wa Lionel Ashcombe. Na alikuwa, kama Mungu angependa, mke mtarajiwa wa Wilfred Garside.

Mungu angependa, maana mama mtu hakupenda. Jumapili iliyopita Beryl alimpeleka Wilfred kunywa chai kwa mama yake, Bibi Threlfall, kule Ealing. Mama yule alimtazama tangu mlangoni.

"Nimekuona wapi wewe?"

"Labda kwenye sinema, mama."

"Sinema gani! Si wewe uliyekuja kutengeneza bomba la gesi?"

Beryl alibanwa na kicheko mpaka chai ikampalia. Lakini Bibi Threlfall hakucheka. Alisubiri Wilfred aingie jikoni na vikombe, akashusha sauti kwa namna ya mtu anayetaka asikike.

"Mwanangu, umetoka kwa Lionel unakuja kwa huyu? Mwenzake akiingia mahali watu wanasimama. Huyu ameingia hapa mimi nikadhani upepo umesukuma mlango."

"Mama, Lionel nilikuwa namtazama. Wilf naongea naye."

"Utaongea naye nini? Anaigiza vibarua!"

Jikoni, huku akifuta vikombe, Wilfred alisikia kila neno, na lile la Beryl likamtia joto kifuani kuliko chai. Beryl alipomfuata na kitambaa kingine, alimwuliza palepale, sahani mkononi, kama atakubali kuolewa naye. Macho ya Beryl yalilengwa machozi, akayakwepesha.

"Tumalize kwanza kazi ya Lionel," alisema. "Siku kazi itakapoisha, niulize tena. Nitakujibu."

Leo ilikuwa ndiyo siku yenyewe. Jumamosi, mchana, mvua nyembamba nje, na duara la chumba cha nahodha lilikuwa la mwisho.

Percy alizima mtambo, akatoka kwenye kibanda akivaa skafu ya timu yake ya mpira. "Tumemaliza, jamani. Nikikimbia nakuta kipindi cha kwanza cha mechi."

"Percy," Beryl aliita kutoka nyuma. "Niachie mtambo. Nina duara moja limebaki."

"La nani tena? Orodha imekwisha."

"La kwangu."

Percy alimtazama Beryl, akamtazama Wilfred, akaona haya kana kwamba amefungua mlango wa chumba cha watu. Alifunga skafu yake bila neno, akaenda zake.

Beryl alikuja mbele ameshika kopo la biskuti. Alikuwa mwanamke mwenye vidole vyepesi na macho makubwa ya kijivu, macho yaliyozoea kuona kosa dogo ambalo wengine hawalioni, na leo yalikuwa na wekundu kingoni. Alilifungua kopo akatoa ukanda wa filamu, mfupi, uliokunjwa vizuri kama utepe wa nywele.

"Hiki ni nini, mpenzi?"

"Ni yeye, siku ya mwisho kule bandarini. Mwongozaji alikwisha kusema basi kwa picha ile, lakini kamera ilikuwa bado inazunguka. Kilikuwa kipande cha kutupwa. Nikakiokota."

"Ukakiweka muda wote huu?"

"Nikakiweka." Alimeza mate. "Nilikuwa nimesimama kando ya kamera, Wilf. Aligeuka akanitazama, akaniambia kitu. Upepo ulivuma, sikusikia. Lakini niliuona uso wake. Alisema ananipenda."

Wilfred alimkodolea macho.

"Usinitazame hivyo," Beryl alisema. "Wewe hujui kuishi na yule mtu kulivyokuwa. Maneno hayo aliyasema kwa kila mwanamke aliyepangiwa na mwandishi, kwenye filamu, na watu wakalia. Nyumbani hakuwahi. Miaka yote ile ya ndoa, hata siku moja. Nikimwuliza ananibusu kwenye paji la uso, anasema, 'Usiwe mtoto, Beryl.' Ila siku ile moja. Na siku ile ndiyo sikuyasikia."

"Unataka mimi..."

"Nataka uyaseme. Kwa sauti yake. Mara moja tu niyasikie, halafu nitamzika. Nakuapia, Wilf. Nitakata ukanda huu mwenyewe, tutatoka hapa, na utaniuliza swali lako."

Kukataa kulikuwa mdomoni mwake. Tangu Jumatatu alikuwa akitoka kwenye chumba hiki ananuka mtu mwingine. Juzi alimwita Beryl kwenye ngazi, sauti ya Lionel ikamponyoka, na Beryl aligeuka mweupe kama karatasi, akashika ukuta. Walicheka wote wawili, kicheko cha kujikaza. Lakini Wilfred alimpenda mwanamke huyu mpaka alijionea huruma mwenyewe, na aliona jinsi vidole vile vyepesi vilivyolikaza kopo la biskuti.

"Uweke," alisema.

Beryl aliuunga ukanda, akaupachika, taa ya mtambo ikawaka.

Lionel alikuwa gatini, nyuma yake bahari ya kijivu na milingoti inayoyumba. Fulana yake ya ubaharia ililowa chapachapa, nywele zimemganda usoni. Aligeuza kichwa, akatazama pembeni ya kamera, akatamka maneno machache, akatabasamu kidogo. Picha ikaruka. Aligeuza kichwa tena.

Wilfred alimtazama akizunguka mara ya kwanza. Mara ya pili. Wiki nzima alikuwa ndani ya mdomo ule, aliujua kuliko daktari wa meno, alijua jino gani linaonekana kwenye neno gani. Mara ya tatu akayasoma maneno yenyewe.

Lionel hakusema anampenda mtu yeyote. Mabega yake yalikuwa yamepanda mpaka masikioni, mkono mmoja unasugua mwingine. Na midomo ilikuwa wazi kama maandishi: *Beryl, nipe koti langu.*

"Umeyaona?" Beryl alinong'ona nyuma yake.

"Ngoja kidogo. Nayatafutia mahali pa kuanzia."

Alikuwa akijitafuta yeye. Angesema kweli, na pengine marehemu angetoka kwenye nyumba ya Beryl leo hii, akabaki Wilfred peke yake na kikombe chake cha chai. Lakini angeingiaje kwenye moyo wa mtu kwa kumnyang'anya kitu pekee alichonacho? Na ni mwanamume gani anayemsema vibaya maiti ili amchukue mkewe? Wivu ulimwambia sema, na mapenzi yalimwambia funga mdomo, na Wilfred alikuwa na hakika moja tu, kwamba hataweza kumtazama Beryl akivunjika.

Alisogea kwenye kipaza sauti, ingawa hakuna aliyekuwa akinasa. Lionel akageuza kichwa.

"Beryl, nakupenda," Wilfred alisema, kwa sauti ya Lionel Ashcombe.

Mtambo ukaendelea kulia taratibu. Nyuma yake alimsikia Beryl akivuta pumzi ndefu ya mtu aliyetua mzigo. Ilikuwa mara ya kwanza Wilfred kumtamkia maneno hayo, na aliyatamka kwa moyo wake wote, na hakuna hata moja lililohesabiwa kuwa lake.

"Rudia," Beryl alisema.

"Ulisema mara moja."

"Rudia, tafadhali."

Lionel akageuza kichwa. "Beryl, nakupenda."

Safari hii ile pumzi ndefu haikusikika. Viatu vya Beryl vilisikika vikija, akasimama ubavuni mwake, macho yake ya kazi yameelekea kwenye skrini.

"Jina langu limekaa sawa," alisema polepole. "Baada ya hapo umemwacha nyuma. Wewe umeshamaliza, na mdomo wake bado unasema."

"Nimechoka, Beryl. Tangu asubuhi..."

"Wiki nzima hukumkosa hata mara moja. Percy anasema hajapata kuona mtu kama wewe."

"Basi leo nimekosea. Mimi si mashine."

"Wilf, anasema nini?"

"Si nimekuambia?"

"Hujaniambia. Umenipa nilichokuomba." Sauti yake ilianza kupanda. "Unanionea huruma, sivyo? Wewe umeyasoma, unayajua, halafu unanipaka mafuta kwa mgongo wa chupa kama mtoto! Hata wewe!"

"Zima mtambo, twende tukale. Nakuomba."

"Ni jina la mwanamke? Kulikuwa na mwanamke nyuma yangu?"

"Hapana! Hakuna mwanamke. Naapa kwa mama yangu."

"Basi niambie!"

"Siwezi."

Beryl alimpita, akaenda mpaka mbele ya skrini. Mwanga ukamwangukia, na uso wa Lionel ukampanda mabegani na nywelani, ukageuka, ukageuka tena. Alimkodolea macho kwa karibu. Tangu aokote ukanda ule alikuwa amemtazama kama mke anavyomtazama mume. Sasa alimtazama kama mkata filamu. Midomo yake ilianza kucheza pamoja na ile ya marehemu, bila sauti, ikijaribu neno moja, ikiliacha, ikijaribu jingine. Wilfred alitaka kumkimbilia akamzibe macho, lakini akachelewa.

"Koti," Beryl alisema.

Aligeuka. Alikuwa mdogo sana mbele ya mtu yule mkubwa.

"Anaomba koti lake. Wilf, anaomba koti."

"Ndiyo, mpenzi."

"Nilikuwa nimelivaa mimi." Alijishika mabega kwa mikono yote miwili kana kwamba lingali pale. "Upepo ulikuwa mkali, nikalitoa kwenye kiti chake nikalivaa. Alinitazama, akaniomba koti lake, na mimi... mimi nilimpungia mkono. Nilimbusu hewani. Nikasimama palepale nimelivaa nikifurahi, mpaka walipompiga picha nyingine mbili majini. Na usiku ule ndio alianza kukohoa."

Akakaa chini kwenye ubao, mbele ya skrini. Hakulia kwa sauti. Alikuwa akitikisika tu, na juu yake Lionel aliendelea kuomba koti, na kutabasamu, na kuomba.

Wilfred alifika, akapiga magoti, akamshika mikono. Alisema neno la kwanza lililomjia, neno ambalo mtu yeyote anayependa angelisema.

"Haikuwa kosa lako, Beryl."

Lakini aliyesema alikuwa Lionel.

Beryl aliinua uso. Kwa muda mfupi sana, uso ule ulifunguka wote, ukawa uso wa msichana aliyesamehewa, na Wilfred aliona jinsi alivyokuwa mzuri siku zile, kabla yeye hajamfahamu. Kisha akili zikamrudia, akamsukuma.

"Usithubutu! Usithubutu kunichezea kwa sauti hiyo!"

"Sichezi!" alisema Wilfred, nalo likatoka zito na tamu. Alishika koo lake. "Sikukusudia, Beryl, ni..."

Alikohoa. Akakohoa tena mpaka macho yakamtoka machozi. Alijaribu kuita jina la mji wao, na maneno ambayo mama yake alikuwa akimwitia chakula, maneno ya utotoni ambayo hakuna mwongozaji aliyewahi kumwomba. Yalitoka yamenyooshwa, yamevaa suti, kwa sauti ya bwana mmoja aliyezikwa Highgate. Alijaribu polisi, alijaribu kasisi mwenye mafua. Hata hao hawakuja.

"Acha, Wilf. Acha, unaniogopesha."

Alitikisa kichwa. Alitaka kumwambia kwamba hata yeye anaogopa, na akaona afadhali asifungue mdomo.

Ndipo Beryl alipoamini. Alisimama, akajipangusa uso kwa kiganja, akaenda kwenye mtambo akauzima. Aliwasha taa ya ukutani, na chumba kikawa chumba tu, viti vichakavu na kikombe cha Percy kwenye sakafu. Aliutoa ukanda, akachukua mkasi mfukoni mwa koti lake la kazi, akaukata alipokuwa ameuunga.

"Nilikuahidi jibu," alisema. "Haya, niulize."

Wilfred alimtazama. Swali alikuwa nalo. Alikuwa amelala nalo na kuamka nalo tangu Jumapili, na sasa hivi, kwa macho yale ya kijivu yaliyomwelekea yeye na si skrini, alijua jibu lake lingekuwa nini. Alifungua mdomo, akaisikia ile sauti imejipanga kooni, tayari, nzuri kuliko yake. Ilikuwa na hamu ya kuuliza. Alifunga mdomo. Hakuwa tayari kumposea Lionel Ashcombe mwanamke huyu mara ya pili.

"Niulize, Wilf," Beryl alisihi, machozi yakimtiririka. "Kwa sauti yako ile mbaya. Nakuomba."

Alitikisa kichwa.

Beryl alielewa. Alimjia, akamwekea kiganja shavuni, akakiacha hapo.

"Nenda nyumbani ukapumzike," alisema. "Kunywa kitu cha moto, usiongee na mtu. Ukiipata sauti yako, njoo uniulize. Mama aseme asemavyo. Nimemsubiri mfu muda wote huu, sitashindwa kumsubiri mtu aliye hai."

Alimbusu kwenye kona ya mdomo, akachukua kopo lake, akaelekea mlangoni. Wilfred alimwona akienda. Aliona mgongo wake mwembamba, mkono wake ukifika kwenye kitasa, na hofu ikamshinda nguvu.

"Na nisipoipata?"

Sauti ya Lionel ilikijaza chumba kizima, nzito, yenye majonzi, kama mtu aliyerudi kutoka mbali.

Mkono wa Beryl uliganda kwenye kitasa. Kisha kopo lilimwanguka, akageuka, akarudi mbio kati ya viti akamkumbatia kwa nguvu zake zote, uso kauficha kifuani mwake, macho kayafumba. Wilfred alimshika. Hakujua ni nani kati yao aliyekumbatiwa, na hakuthubutu kufungua mdomo tena.